Mlinzi wa Shamba na Chakula Chake

Katika vijiji vya Beni na katika milima ya Lubero inayozunguka Butembo, swali moja huulizwa mara nyingi mafundisho yakiisha, watu wanapokunja mikeka yao waende nyumbani. Je, ni halali mbele ya Mungu taifa maskini litumie fedha nyingi kwa bunduki, magari ya vita na mishahara ya askari, hali dispensari haina dawa na watoto wa shule wanakaa chini? Wengine huuliza kinyume chake, tena kwa uchungu: Je, ni halali taifa lisitumie fedha hizo, hali watu wanauawa mashambani mwao? Wote wawili wastahili jibu. Wa kwanza amemzika mtoto aliyekosa dawa. Wa pili amemzika ndugu aliyekatwa kwa panga.

Asiseme mtu kwamba jambo hili ni la wakubwa wa Kinshasa peke yao. Mkatekumeni anayejitayarisha kwa Ubatizo hufundishwa amri kumi za Mungu. Amri ya tano hukataza kuua, na amri ya saba hukataza kuiba, nazo fedha za jeshi zaingia katika amri hizo mbili kwa pamoja. Basi yafaa kuzichungua polepole, kama mama achaguavyo mawe katika maharagwe.

Tuseme pana kijiji chenye watu 20 wa kulima, wake kwa waume, nacho kiko karibu na msitu. Kila mwaka nyani na nguruwe wa mwitu hushuka na kula mahindi na mihogo. Wazee wakakata shauri kwamba watu wawili waache jembe, wakae kibandani mchana na usiku, wafukuze wanyama. Na wale 18 waliobaki walime na kuwalisha. Je, walinzi wale ni mzigo? Naam, ni mzigo, kwa kuwa wanakula wala hawalimi. Lakini bila wao watu wote 20 wangewalimia nyani.

Mwaka wa pili wazee wakashikwa na hofu zaidi, wakaweka walinzi wanane. Sasa wakawa wanalima 12, wakila 20. Nyani hakuonekana hata mmoja, walakini njaa iliingia kijijini kabla ya mavuno. Tena yule mhunzi aliyekuwa akifua majembe akaamriwa afue mikuki tu. Jembe jipya hulima miaka mingi, na kila mwaka humrudishia mwenyewe zaidi ya bei yake. Mkuki hukaa ukutani ukimngojea adui, na adui asipokuja hushika kutu. Wenye elimu ya uchumi husema neno lilo hilo: gharama ya kitu haiishi katika fedha zilizolipwa, kwani lazima kuhesabu pia kile ambacho fedha zile zingalinunua na hazikununua. Aliyenunua mkuki amelipa bei ya mkuki, pamoja na mavuno yote ya jembe lisilofuliwa.

Mwaka wa tatu likatokea jambo baya kuliko yote. Walinzi walikuwa wamerudishwa kuwa wawili, lakini mzee aliyepewa kazi ya kukusanya chakula chao akawaambia watu kwamba ni watano. Kila nyumba ikatoa chakula cha watu watano. Cha watatu kikabaki kwake, na hata kile cha wale wawili kikapungua njiani. Walinzi wakakaa siku tatu bila kula. Siku ya nne wakashuka wenyewe mashambani, wakavunja mahindi. Tangu hapo kijiji kikawa na nyani wa namna mbili, na wale wa pili walikuwa na mikuki.

Mfano huu haukutungwa ili kuwachekesha watoto. Nchi ya Kongo, iliyoitwa Zaire wakati ule, iliyaona mambo hayo kwa macho. Mwezi wa Septemba 1991 askari ambao mishahara yao haikuweza tena kununua chakula waliasi mjini Kinshasa, wakavunja maduka na viwanda, na uporaji ukaenea katika miji mingine. Serikali ilikuwa ikichapa noti nyingi ili ilipe watumishi wake, na kwa kuwa vitu vya kununua havikuongezeka, bei zilipanda bila kusimama. Januari 1993 askari walilipwa noti mpya za zaire milioni 5. Wafanyabiashara wakazikataa. Askari wakaona kwamba wamefanya kazi wakapewa karatasi, wakapora mara ya pili. Mwezi wa Oktoba mwaka uleule ikatolewa fedha mpya, ambayo zaire moja yake ilikuwa sawa na zaire milioni 3 za zamani. Fikirini basi habari ya mjane aliyekuwa ameficha akiba yake ndani ya chungu. Hakuna mtoza kodi aliyebisha hodi mlangoni pake, wala mwizi hakuingia nyumbani mwake, lakini akiba ilikuwa imekwisha. Yeye naye alilipia jeshi, wala hakuna aliyemwambia.

Wazee wa zamani walilipa kwa njia nyingine, yaani kwa mabega yao. Katika vita vya kwanza vya dunia, jeshi la Wabelgiji lilipokwenda kupigana na Wadachi hata likaiteka Tabora tarehe 19 Septemba 1916, wapagazi zaidi ya 200,000 walichukuliwa kubeba mizigo, na mashamba yao yakabaki bila mtu. Katika vita vya pili, mwaka 1942, siku za kazi za lazima ambazo mwanakijiji wa Kongo aliweza kudaiwa ziliongezwa kutoka 60 hata 120 kwa mwaka. Siku 60 zilizoongezwa ni miezi miwili ya kupalilia. Katika vitabu vya hesabu vya serikali hazikuonekana kama fedha za vita, lakini katika ghala ya mtu maskini zilionekana.

Hata vita vyenye sababu ya haki vina bei yake. Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin wa Uganda yaliivamia Kagera, katika nchi ya Tanzania. Rais Julius Nyerere, aliyekuwa Mkatoliki mwenye kuhudhuria Misa, aliona kwamba hana budi kupigana, na tarehe 11 Aprili 1979 majeshi ya Tanzania pamoja na Waganda waliokuwa uhamishoni yaliingia Kampala. Ni watu wachache waliosema alikosea kuilinda nchi yake. Lakini vita vile vyakadiriwa kuwa viligharimu dola milioni 500, katika nchi ya wakulima ambayo mwaka uleule ilipandishiwa bei ya mafuta. Nyerere aliwaomba wananchi wafunge mikanda kwa miezi 18. Miezi 18 ikapita, na mikanda haikulegea; katika miaka ya 1980 watu walipanga mstari kwa ajili ya sabuni na sukari. Kumshinda adui kulichukua miezi michache tu, na kulipa kulichukua miaka.

Aliyeingia katika nchi ya mwenziwe naye hulipa, ingawa huchelewa. Kati ya miaka 1998 na 2003 majeshi ya Uganda yalikaa katika Ituri na katika nchi ya Beni na Butembo. Mahakama ya Kimataifa ya Haki huko The Hague iliamua mwaka 2005 kwamba Uganda ilivunja sheria, na tarehe 9 Februari 2022 ikaiamuru ilipe Kongo dola milioni 325, kwa mafungu matano ya milioni 65 kila mwaka. Mtoto wa Uganda aliyezaliwa baada ya vita kwisha atailipia hukumu ile katika bei ya chumvi na sabuni. Yeye hakupiga risasi hata moja.

Sasa na tuyatazame mambo ya karibu. Tangu Oktoba 2014 watu wa Beni wameuawa kwa mamia na mamia, katika vijiji, barabarani na mashambani, na vifo hivyo vimefika hata Lubero na Ituri. Tarehe 6 Mei 2021 majimbo ya Kivu ya Kaskazini na Ituri yaliwekwa chini ya uongozi wa kijeshi, na tarehe 30 Novemba mwaka uleule majeshi ya Uganda yaliingia tena, safari hii kwa mapatano na serikali ya Kongo. Wakati huo, katika njia ya Mbau hata Kamango, na kuzunguka Oicha, mashamba mengi ya kakao yamebaki bila wenyewe. Mwaka 2024 bei ya kakao katika masoko ya dunia ilipita dola 10,000 kwa tani, jambo lisiloonekana kamwe kabla yake. Mkulima wa Beni aliyepanda miche yake na kuitunza miaka mitatu au minne kabla ya kuvuna tunda la kwanza, aliisikia bei hiyo redioni akiwa amehifadhiwa katika nyumba ya ndugu mjini. Mti ulizaa, tunda likaiva, na mwenyewe hakuthubutu kwenda. Basi yule anayesema kwamba jeshi ni hasara tupu, na aitie katika hesabu yake kakao hiyo isiyovunwa. Shamba lisilo na mlinzi nalo lina gharama, na gharama hiyo haipungui kwa kuwa haikuandikwa katika bajeti.

Je, Kongo imetumia fedha nyingi mno? Taasisi ya Stockholm iitwayo SIPRI, inayohesabu fedha za majeshi duniani, ilionyesha kwamba mwaka 2023 Kongo iliongeza fedha za jeshi zaidi ya mara mbili, hata zikafika karibu dola milioni 794, na kwamba mwaka ule hakuna nchi nyingine iliyoongeza kwa kiasi hicho. Kwa mtu wa kijijini hesabu hiyo yatisha. Lakini akiigawanya kwa watu wapatao milioni 100 wa nchi nzima, ataona kwamba ni dola nane hivi kwa kila mtu kwa mwaka. Dunia nzima, mwaka uleule, ilitumia zaidi ya dola 300 kwa kila mtu. Dola nane si fedha za kuiangusha nchi yenye shaba na dhahabu. Palipo na ugonjwa ni penginepo: kati ya mkono unaotoa dola nane na kibanda cha mlinzi, ni ngapi zinazofika?

Wakati wa kuunganisha majeshi baada ya vita, tangu mwaka 2005, wajumbe wa Umoja wa Ulaya walisaidia kuwahesabu askari wa Kongo na kutenganisha njia ya amri na njia ya fedha, ili mkuu anayeamuru asiushike tena mfuko wa mishahara. Walipohesabu, maelfu ya majina hayakuwa na mtu wa kuitika. Walikuwa askari wa karatasi: hawaugui, hawalali na njaa, wala hawaogopi vita, na mishahara yao ilikuwa ikipokewa kila mwezi. Yule mzee wa kijiji aliyesema watano badala ya wawili alikuwa na ndugu wengi. Mwaka 2025, baada ya Goma kutekwa mwezi wa Januari na serikali kupoteza ushuru wa mji ule, iliamriwa mishahara ya askari izidishwe mara mbili. Ni amri yenye haki. Faida yake itajulikana kibandani, si katika gazeti la serikali.

Kwani mwalimu asiyelipwa huomba mchango wa wazazi, au huacha chaki akaenda kulima. Muuguzi asiyelipwa huuza dawa ambazo zingetolewa bure. Hayo ni mabaya, lakini yana kikomo. Askari asiyelipwa hufunga kamba barabarani, na huo ndio mwanzo wa bariere. Mama anayetoka kijijini na gunia la maharagwe kwenda soko la Butembo hutoa kitu kidogo katika bariere ya kwanza, na kitu kidogo katika ya pili, na ya tatu. Afikapo sokoni hana budi kuongeza bei, na mama wa mjini, ambaye mfuko wake haukuongezeka, hununua nusu ya kilo badala ya kilo nzima. Gunia likibaki, msimu ujao mkulima hulima kiasi cha chungu chake tu, kwa kuwa ameona kwamba jasho la ziada ni la watu wa barabarani. Hivyo mlima wenye udongo mweusi hulimwa nusu, mji wenye njaa hununua nusu, na hakuna aliyeandika popote kwamba hiyo nayo ni gharama ya jeshi. Kwa hesabu hiyo askari asiyelipwa ni wa ghali kuliko yule anayelipwa.

Mama Kanisa afundisha nini? Mtaguso wa pili wa Vatikano, mnamo Desemba 1965, ulikiri kwamba serikali ina haki ya kuwalinda watu wake njia nyingine zote zikishindikana, na kwamba askari mwenye kufanya kazi yake kwa haki ni mtumishi wa usalama. Mtaguso uleule ukalaumu vikali mashindano ya silaha, kwa kuwa yanawadhulumu maskini. Baba Mtakatifu Paulo VI, alipokuwa Bombay katika nchi ya India mwaka 1964, aliyaomba mataifa yatoe sehemu ya fedha za silaha iwe akiba ya kuwasaidia wenye njaa, na mwaka 1967 akarudia ombi hilo katika waraka wake juu ya maendeleo ya mataifa. Mafundisho haya mawili hayapingani. Mwenye nyumba aweza kuweka mlango na kufuli. Asiuze chakula cha watoto ili anunue kufuli la pili, la tatu na la nne, kwa sababu tu jirani naye amenunua.

Maandiko Matakatifu yanajua habari hizi kwa undani. Waisraeli walipotaka mfalme kama mataifa mengine, Samweli aliwatajia bei yake waziwazi: mfalme atawachukua vijana wao kwa magari yake ya vita, wengine watamtengenezea silaha, naye atatwaa mashamba yaliyo mazuri na sehemu ya kumi ya nafaka. Waliisikia bei hiyo, wakataka mfalme vilevile. Bwana wetu Yesu Kristu naye alisimulia habari ya mfalme mwenye watu 10,000 anayeketi kwanza kuhesabu kama aweza kupigana na mwenye 20,000, na akiona hawezi hutuma wajumbe kutafuta amani. Watu hudhani kwamba kuhesabu gharama ni jambo la mwoga au la mfanyabiashara. Bwana alilitaja kama jambo la mwenye akili.

Lakini mtu anayefaa kuangaliwa zaidi ni Nehemia. Alijenga upya ukuta wa Yerusalemu kati ya adui, na watu wake walijenga kwa mkono mmoja, mkono wa pili ukishika silaha. Ukuta ulikwisha kwa siku 52. Katikati ya kazi maskini wakamlilia: wameweka rehani mashamba yao, wamekopa fedha ili walipe kodi ya mfalme, na watoto wao wameingia utumwani. Nehemia hakuwaambia kwamba ni wakati wa vita, wanyamaze. Aliwakaripia wakubwa mbele ya mkutano, akawalazimisha kurudisha mashamba, na yeye mwenyewe kwa miaka 12 hakula posho ya liwali, akiona kwamba mzigo wa watu umekuwa mzito. Ulinzi na haki ya maskini vilijengwa kwa pamoja, na ukuta ukasimama.

Kwa hiyo mtu anayelipa kodi ambayo sehemu yake inanunua bunduki za kulinda kijiji hana dhambi. Serikali inayonunua kwa majivuno, au kwa tamaa ya mali ya jirani, inatenda dhambi. Na yule anayekula mshahara wa mlinzi je? Yeye amevunja amri ya saba, na pengine ya tano pia, maana usiku ule mlinzi alipoondoka kibandani kwa njaa, adui alipita hapo. Katika Kitubio mwizi hufundishwa kwamba haitoshi kuungama. Lazima awe na nia ya kurudisha. Mshahara wa askari 100 waweza kurudishwa, ingawa ni kwa taabu. Waliokufa usiku ule watarudishwaje?

Liko jambo lingine, dogo, nalo liko karibu zaidi na mkatekumeni wa kijijini. Kakao inayovunwa usiku katika shamba la mtu aliyekimbia hainunuliwi na miti. Yuko mtu anayeipima kwenye mizani yake, anayejua kwamba muuzaji hana shamba, na anayelipa nusu ya bei kwa sababu anajua. Pengine mtu huyo ni jirani. Pengine huketi katika benchi la mbele siku ya Dominika.

Katika Injili ya Luka, watu walipomjia Yohane Mbatizaji kando ya mto, askari nao walikuja, wakamwuliza wafanye nini. Yohane hakuwaambia waache jeshi. Aliwaambia wasimnyang'anye mtu kwa nguvu, wasimsingizie mtu, na waridhike na mshahara wao. Askari wa bariere naye huja siku moja mlangoni mwa kanisa, bunduki begani, kuuliza habari za Ubatizo. Katekista atamsomea maneno hayo ya Yohane polepole, mara mbili ikiwa ni lazima. Kisha atamwuliza kama mshahara wa mwezi uliopita umefika.